Kazi ya Mpigapicha katika Filamu za Elimu na Viwanda: Habari za Richard Leacock



Katika sanaa ya senema iko desturi ya zamani, ambayo hata sisi wa Afrika Mashariki tumeipokea bila ya kuidadisi, ya kuzipanga filamu kwa madaraja, daraja la juu likiwa la filamu za hadithi zionyeshwazo mjini kwa kiingilio, na la chini kabisa likiwa la filamu ziagizwazo na kiwanda, au idara ya kilimo, au chuo, ili watu wafundishwe namna ya kukamua ng'ombe, kuunga chuma au kupima nguvu ya umeme; na kijana aingiapo katika kazi ya kamera huambiwa, kwa maneno ya wazi au kwa ishara, kwamba filamu za namna hii ni mahali pa kujipatia riziki wakati wa kungojea bahati iliyo bora. Muradi wa mada hii ni kuipinga desturi hiyo, na nimependa kuipinga kwa kueleza mwenendo wa kazi wa mtu mmoja, Richard Leacock, ambaye wapenzi wa senema aghalabu humkumbuka kwa filamu za siasa na za muziki alizoshiriki katika miaka ya 1960, ilhali takriban kila alichokijua kilichomfanya asifiwe katika filamu hizo alikuwa amekwisha kujifunza alipokuwa akipiga picha za ndizi, za mafuta ya petroli na za masomo ya fizikia.

Leacock alizaliwa London tarehe 18 Julai 1921, akalelewa katika visiwa vya Canary, ambako baba yake alikuwa na shamba la migomba, kisha akapelekwa Uingereza kusoma katika shule za bweni, mahali ambapo wanafunzi wenziwe walikula ndizi pasi na kujua zinatoka kwenye mti wa namna gani. Alipokuwa na umri wa miaka 11 alionyeshwa filamu ya Kirusi iitwayo Turksib, iliyotengenezwa na Viktor Turin mwaka 1929, yenye kueleza ujenzi wa reli ya kuunganisha Turkestan na Siberia. Mtoto yule akatambua kwamba ikiwa reli nzima, na jangwa lake, na theluji yake, yaweza kuelezwa kwa picha zinazokwenda, basi na shamba la baba yake laweza kuelezwa vivyo hivyo, na anachohitaji ni kamera tu. Mwaka 1935, akiwa na miaka 14, alitengeneza kwa filamu ya milimita 16 picha bubu ya dakika chache aliyoiita Canary Bananas, akifuata kazi ya shamba hatua kwa hatua, tangu ardhi kutayarishwa na mgomba kupandwa na kunyweshwa maji, hata mikungu ikakatwa, ikabebwa, ikafungwa na kupelekwa kwenye meli.

Kwa kipimo chochote cha filamu ya mafunzo kazi ile ilitimia, kwa kuwa hapana hatua iliyorukwa, wala hapana picha ambayo mtazamaji atauliza imewekwa kwa sababu gani. Lakini mwenyewe hakuridhika nayo, na maneno ya kutoridhika kwake aliyarudia maisha yake yote, kwamba filamu imeeleza kila kitu, ila haikumfanya mtazamaji ajihisi kwamba yupo pale shambani. Hisia hiyo ya kuwapo mahali penyewe ndiyo aliyoitafuta kwa muda wa zaidi ya miaka 70, na ndiyo iliyokipa jina kitabu cha maisha yake. Naomba wasikilizaji waishike nukta hii, kwa sababu mara nyingi tunadhani kwamba kufundisha na kumgusa mtu ni mambo mawili yaliyo mbali mbali, la kwanza likiwa la mwalimu na la pili likiwa la msanii, na huyu mtoto wa miaka 14, ambaye hakuwa na tajiri wala mkataba, alikuwa amekwisha kuona kwamba mafunzo yasiyomfikisha mtu mahali pa kazi yana upungufu katika mafunzo yenyewe.

Ni jambo la kustaajabisha kidogo kwamba katika mwaka huo huo wa 1935, kwenye milima ya Usambara, mahali paitwapo Vugiri, palianzishwa kazi kubwa ya filamu za elimu kwa ajili ya watu wetu. Jina lake lilikuwa Bantu Educational Kinema Experiment. Ilisimamiwa na Baraza la Kimataifa la Wamisionari kwa fedha za Carnegie Corporation ya New York, na waliokabidhiwa kuiendesha walikuwa Meja L. A. Notcutt, ambaye kabla ya hapo alikuwa msimamizi wa mashamba katika nchi hizi, na G. C. Latham, aliyekuwa mkuu wa elimu ya Waafrika katika Rhodesia ya Kaskazini. Hata kufikia 1937 walikuwa wametengeneza filamu kadiri ya 35, zenye kuhusu safura, malaria ya watoto, mmomonyoko wa udongo, utayarishaji wa ngozi, kilimo cha chai, akiba ya posta na hata kodi, wakazichukua kwa lori lenye mtambo wake wa umeme na kuzionyesha Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini. Maneno hayakutiwa ndani ya filamu, bali yalirekodiwa kwenye sahani za santuri, hivi kwamba filamu moja iliweza kusema Kiswahili mahali hapa na Kiganda au Kibemba mahali pengine kwa kubadilisha sahani. Na mimi sioni haya kusema kwamba ufundi huo, kwa fedha zile na barabara zile, wastahili heshima.

Upungufu wa Vugiri, na zaidi upungufu wa Colonial Film Unit iliyofuata mwaka 1939 chini ya William Sellers, aliyekuwa ofisa wa afya huko Nigeria, ulikuwa katika dhana waliyokuwa nayo kumhusu mtazamaji. Sellers alifanya kanuni, na wenziwe wakaieneza katika jarida lao la Colonial Cinema, ya kwamba filamu ya Mwafrika iende polepole, isiwe na hila za kamera, isiruke kutoka mahali hadi mahali bila ya kuonyesha njia, na picha za karibu sana ziepukwe, kwani mtu asiyezoea senema hatafahamu. Wala haikuwa kwamba hapakuwapo ushahidi wa kinyume chake: mwaka 1929 mwanabiolojia Julian Huxley alikuja Afrika Mashariki na filamu za elimu, akazionyesha kwa wanafunzi wa nchi hizi, akawahoji baada ya kutazama, akaona kwamba walikuwa wamefahamu vizuri, na habari hiyo akaiandika katika kitabu chake Africa View kilichotolewa mwaka 1931. Kitabu kilikuwapo, na waliotunga kanuni hawakukifuata.

Kiko kisa kinachosimuliwa sana katika vyuo vya ng'ambo, ambacho John Wilson alikieleza na Marshall McLuhan akakitia katika kitabu chake cha mwaka 1962, cha filamu iliyotengenezwa ili kuwafundisha wanakijiji kuondoa maji yaliyotuama majumbani. Ilipokwisha kuonyeshwa wakaulizwa wameona nini, wakajibu kwamba wameona kuku, na watengenezaji, ambao hawakuwa na habari kwamba ndani ya filamu yao mna kuku, wakaipitia picha moja moja hata wakamkuta kweli, amekatiza pembeni kwa muda wa sekunde moja hivi. Wengi hukitumia kisa hiki kuwa burhani ya kutofahamu kwa watazamaji. Mimi nakisoma kwa namna nyingine kabisa: waliotazama walikuwa ni watu wenye kujua ua wa nyumba ulivyo, na macho yao yakaenda penye uhai, na aliyepiga picha ndiye aliyekuwa na macho yasiyoona, kwa kuwa alikwenda mahali pale akiwa na somo kichwani, akapiga somo, na kijiji chenyewe kikampita. Lau angalijua kwamba kuku yumo, angalimtumia. Kuku anayekunywa kwenye maji machafu karibu na jiko angalifundisha kuliko bwana afya mwenye suti.

Turudi kwa Leacock. Baada ya ndizi alipata safari iliyomtia zaidi katika elimu ya viumbe, kwani mwalimu wake wa shule ya Dartington, David Lack, aliyekuja kuwa bingwa mashuhuri wa ndege, alimchukua mwaka 1938 kwenda visiwa vya Galápagos akampigie picha za utafiti. Kisha akaingia Harvard, na jambo ninalolipenda katika habari zake ni kwamba hakwenda kusoma fasihi wala sanaa, alisoma fizikia, kwa azma ya kuvielewa vyombo vya kazi yake tangu lenzi hata sauti. Vita vilipokuja akawa mpigapicha wa jeshi la Marekani, akatumika Burma na China. Habari za miaka hiyo ni nyingi, lakini si za mada hii.

Mwaka 1946 aliitwa na Robert Flaherty, mtengenezaji mkongwe wa filamu ambaye binti yake alisoma pamoja na Leacock na ambaye alikuwa ameiona ile filamu ya ndizi, ili awe mpigapicha wa filamu iliyokuja kuitwa Louisiana Story na kuonyeshwa mwaka 1948. Wapo wasiojua kwamba filamu hii, inayotajwa katika kila historia ya senema, ilikuwa ni filamu ya kiwanda kwa kila maana: kampuni ya Standard Oil ya New Jersey ilitaka umma ufahamu jinsi kazi ya kutafuta mafuta ilivyo na taabu na hatari, ikatoa zaidi ya dola 200,000, ikamwachia Flaherty haki zote, wala haikutaka jina lake litajwe ndani ya filamu. Kisa chake ni cha mtoto wa kiume anayeishi na wazazi wake katika vinamasi vya Louisiana, mwenye mtumbwi na mnyama wake wa kufuga, ambaye siku moja anauona mnara wa kuchimbia mafuta ukivutwa majini kuja mlangoni kwao.

Sehemu ya kuchimba ndiyo ninayotaka tuitazame kwa karibu, kwa sababu ndani yake mna darasa zima la upigaji wa picha za viwanda. Walianza kuupiga picha mtambo ule wakati wa mchana, kama ambavyo kila mmoja wetu angefanya, maana mwanga ni mwingi na kila kitu kinaonekana. Picha zikatoka safi, na hazikuwa na maana yoyote, kwa kuwa jicho lilitawanyika katika vyuma, na kamba, na mbao, na anga, lisijue litazame nini kwanza. Ndipo wakaziweka kando na kurudia usiku. Katika giza taa za mnara zikachagua zenyewe cha kuonyesha: bomba refu likishuka kutoka juu, mikono ya wachimbaji ikilipokea, mnyororo ukirushwa na kujizungusha kwenye shingo ya bomba, ukivutwa, bomba likikazwa juu ya bomba jingine, yote yakizama ardhini, kisha mwanzo tena; na kamera ya Leacock haikusimama mbali kungojea, ilipanda na bomba na kushuka nalo, ikiifuata kazi kwa mwendo wa kazi yenyewe. Helen van Dongen, aliyekuwa mhariri, akazifuma sauti za mtambo tabaka juu ya tabaka badala ya kuweka muziki mahali hapo, ijapokuwa Virgil Thomson alikuwa ametunga muziki wa filamu hii uliopata tuzo ya Pulitzer mwaka 1949. Hapana msemaji anayeeleza jinsi mabomba yanavyoungwa, na hata hivyo mtu akitoka hapo amekwisha kujua kazi ya kila mmoja katika wachimbaji wale, nani humtegemea nani, na ni wapi kidole chaweza kukatika.

Hapana budi nisimame kidogo hapa, kwani uadilifu hauniruhusu kuisifu filamu na kunyamaza juu ya kilichosemwa nayo. Louisiana Story inamalizika kwa amani: wachimbaji wanaondoka, maji yanabaki matulivu, mtoto anabaki na furaha yake. Kilichotokea kweli katika pwani ile ni kwamba tangu miaka ya 1930 Louisiana imepoteza ardhi yake ya vinamasi inayokaribia kilomita za mraba 4,900, na mifereji iliyochimbwa ili kupitisha mitambo ya mafuta na mabomba ni mojawapo ya sababu zinazotajwa na wataalamu, pamoja na kuzuiwa kwa tope la mto Mississippi na kuzama kwa ardhi yenyewe. Simlaumu Leacock kwa kutojua mwaka 1946 yale yaliyodhihiri baadaye. Nasema tu kwamba tajiri hahitaji kuamuru uwongo ili apate filamu inayompendeza. Yatosha achague mwanzo na mwisho wa kisa, na wapigapicha wakamwachia. Uhuru aliopewa Flaherty ulikuwa mkubwa kuliko utakaopewa wengi wetu, na bado swali moja halikuulizwa, la jinsi mahali pale patakavyokuwa baada ya miaka 20. Ustadi wa kamera haumtoi mtu katika swali hilo, na pengine humzidishia, kwa kuwa picha dhaifu haimshawishi mtu yeyote.

Katika kazi ile Leacock alipata pia adha iliyomwelekeza katika uvumbuzi wake. Walipotumia kamera ya Arriflex, iliyokuwa nyepesi na isiyoshika sauti, walikwenda popote, wakangojea popote, wakapata mambo ambayo hayakupangwa. Lakini siku ya kurekodi mazungumzo kamera ilibidi iwe nyingine, nzito, iliyofungwa kwenye mguu wake na kuunganishwa kwa waya na mitambo ya sauti, na papo hapo kila kitu kikaganda, watu wakawa wanasema maneno yaliyopangwa mahali palipopangwa. Miaka ya 1950 ilimpita katika taabu hiyo, akipiga vipindi vya televisheni, mathalani Toby and the Tall Corn ya mwaka 1954, yenye habari za kundi la maigizo lililozunguka na hema katika vijiji vya Missouri. Mwenye kuzitazama kazi hizo ataona mtu anayejua anachokitaka na vyombo vinamkatalia.

Mwaka 1956 Profesa Jerrold Zacharias wa chuo cha MIT alikusanya wanafizikia na waalimu wakaunda kamati ya kuyafanya upya masomo ya fizikia katika shule za sekondari za Marekani, iliyoitwa Physical Science Study Committee. Na Warusi waliporusha Sputnik katika Oktoba 1957, Wamarekani wakaingiwa na hofu ya kuachwa nyuma, na fedha za National Science Foundation zikamiminika. Kamati ilitaka filamu, na sharti lake la kwanza lilikuwa kwamba mwenye kusema mbele ya kamera awe mwanasayansi mwenyewe, akifanya jaribio la kweli kwa mikono yake, wala asiwe msomaji mwenye sauti tamu aliyepewa karatasi. Leacock akatiwa katika kazi hiyo, na kutoka mikononi mwake na mwa wenziwe zikapatikana filamu kama Crystals ya mwaka 1958, pamoja na Alan Holden wa Bell Laboratories, na A Magnet Laboratory ya mwaka 1959, katika maabara ya sumaku ya Francis Bitter.

Filamu ambayo ningependa kila mpigapicha aione kabla ya kupokea kazi ya kufundisha ni Frames of Reference ya mwaka 1960, ambayo Leacock aliiongoza, na wenye kufundisha ndani yake ni Patterson Hume na Donald Ivey wa Chuo Kikuu cha Toronto. Somo lake ni gumu, kwamba mwendo wa kitu hauna maana mpaka ijulikane unapimwa kutoka wapi, na ukilisoma kitabuni utapewa mishale na herufi. Filamu inaanza kwa mtu mmoja kusimama wima na mwingine akionekana miguu juu kichwa chini, kila mmoja akidai kwamba mwenzake ndiye aliyepinduka, hata wakarusha sarafu kuamua nani yu wima. Na mtazamaji aliyedhani anajua juu ni wapi anaanza kulishuku jicho lake mwenyewe. Baadaye wanaleta kigari kinachokwenda kwa mwendo usiobadilika, chenye mlingoti, na juu ya mlingoti goroli ya chuma inayoshikwa kwa sumaku ya umeme. Goroli inaachiwa. Kamera iliyosimama chumbani inaonyesha goroli ikianguka kwa njia iliyopinda, ikisonga mbele pamoja na kigari. Kisha jaribio linarudiwa na kamera imefungwa juu ya kigari chenyewe, na goroli ile ile inaanguka wima moja kwa moja, na ukuta wa chumba ndio unaokwenda. Ni jaribio moja na mianguko miwili, na yote miwili ni kweli.

Tazameni kilichofanyika hapo. Kwa kawaida kamera ya filamu ya mafunzo hukaa mahali pa mwanafunzi wa dawati la mbele, ikitazama mwalimu akifanya, na kazi ya mpigapicha huwa ni kuhakikisha kwamba mkono wa mwalimu haukizibi chombo. Hapa kamera imekuwa ndiyo hoja. Pasipo kuifunga kwenye kigari, na baadaye kwenye meza kubwa inayozunguka ambayo waalimu wawili wameketi wakielekeana, somo halifundishiki kwa namna ile, wala hapana mwalimu aliye hodari kiasi gani awezaye kulionyesha darasani. Mtu aliyefikiri hivyo alihitaji kuijua fizikia na kuijua kamera kwa pamoja, na zaidi ya hayo alihitaji kuamini kwamba mwanafunzi wa miaka 16 anaweza kuchanganyikiwa kwa dakika mbili, akavumilia, akafahamu. Ndiyo kinyume kamili cha kanuni ya Sellers. Hume na Ivey hawapunguzi mwendo kwa hofu ya kutofahamika. Humtega mtazamaji makusudi, kisha humwonyesha mtego.

Filamu hizi zilitolewa na shirika lililoitwa Educational Services Incorporated, na wazee miongoni mwetu walijua jina hilo kwa njia nyingine, kwani ndilo lililoandaa mikutano ya kutunga vitabu huko Uganda kuanzia mwaka 1962, iliyozaa masomo yaliyojulikana katika shule zetu kwa jina la Hisabati za Entebbe. Vitabu vilitufikia, na katika kuvitunga waalimu wa Kiafrika walishiriki. Filamu tulizopewa katika miongo ile zilikuwa bado za lori na bwana afya. Ninasikitika kila nifikiripo kwamba waalimu wetu walikaa meza moja na shirika lile, na kamera haikuwekwa juu ya meza hiyo.

Kwa Primary, filamu ya uchaguzi wa awali wa chama cha Demokrati katika jimbo la Wisconsin mwaka 1960, ambamo Leacock alishika kamera pamoja na Albert Maysles na wengine chini ya Robert Drew, sitakawia, maana imeandikwa sana. Yatosha kusema kwamba mmoja wa walioshika kamera humo alikuwa ni mtu aliyekwisha kulifuata bomba la mafuta gizani, na kwamba ile taabu ya waya kati ya kamera na sauti ilitatuliwa muda mfupi baadaye na akili ya mwanafizikia: yeye na wenziwe walitumia utaratibu wa saa ya mkono ya Bulova, iliyoendeshwa na uma mdogo wa chuma unaotetemeka mara 360 kwa sekunde, saa moja kwenye kamera na ya pili kwenye mashine ya sauti, kila moja ikihifadhi wakati wake kwa usahihi hata waya ukawa hauna kazi. Tangu siku hiyo mpigapicha na mshika sauti wakaweza kutembea, kila mmoja upande wake, na mtu akasema alilotaka kusema mahali alipokuwa.

Mwaka 1969 alikwenda MIT kuanzisha mafunzo ya filamu pamoja na Ed Pincus, akakaa huko karibu miaka 20, na sehemu kubwa ya bidii yake akaitumia kuitengeneza Super-8, filamu ndogo ya watu wa nyumbani, iweze kushika picha na sauti kwa pamoja, ili chombo kiwe rahisi kwa bei na kimfikie mwalimu na mwanafunzi. Alipostaafu alihamia Ufaransa, akafanya kazi kwa kamera ndogo ya video pamoja na Valérie Lalonde, na alifariki Paris tarehe 23 Machi 2011.

Sasa nije kwenye yale ninayoyaomba kutoka kwa semina hii, kwani sikuleta habari za mtu wa mbali ili tumsifu tu. Filamu za mafunzo na za viwanda zinatengenezwa kwetu kila mwezi, na vyama vya ushirika, na bandari, na viwanda vya sukari na saruji, na wizara, na mashirika ya misaada, na mkataba wake aghalabu huwa ni wa siku chache: mpigapicha hufika asubuhi, huonyeshwa mtambo na meneja, hupiga saa zile ambazo meneja ameona zinafaa, huondoka jioni. Kazi ya zamu ya usiku haijui. Mfanyakazi aliyekaa kwenye mashine ile miaka 15 hajasema naye ila salamu. Kwa mkataba kama huo Leacock mwenyewe asingepata picha moja ya kukumbukwa, kwa kuwa huko Louisiana ruhusa ya kutupa picha za mchana na kurudi usiku ndiyo iliyoipa filamu moyo wake. Basi naomba chama chetu kiandike mfano wa mkataba ambamo siku za kujifunza kazi kabla ya kuwasha kamera zinatajwa kwa idadi na zinalipwa kwa ujira ule ule wa siku za kupiga, na ambamo mpigapicha anayo haki ya kuziona zamu zote.

La pili linahusu mtazamaji, nalo ni jepesi kulitenda na zito kulikubali. Kila filamu ya mafunzo, kabla haijafungwa, ionyeshwe kwa watu ambao kazi yao imo ndani yake, wavuvi kwa filamu ya wavuvi, wakunga kwa filamu ya wakunga, mhariri akiwapo chumbani na kalamu yake, na waulizwe kama Huxley alivyowauliza wanafunzi mwaka 1929, wameona nini. Na fungu la fedha za kurekebisha liwe limekwisha kutengwa tangu mwanzo katika hesabu ya mradi, ili jibu lao, hata likiwa ni kuku, liweze kuingia katika filamu.